KAZI YA MBALI NA MZIGO WA ALIYE KARIBU



Huenda baadhi yenu mtashangaa kuona kwamba kijarida cha Haki na Amani kinachosomwa Muyama, juu ya vilima vya Buha, kinazungumzia kazi za melini na bandarini. Hapa kwetu hakuna gati wala nanga. Sisi ni wakulima wa maharage, mahindi, mihogo, ndizi na kahawa. Hata hivyo, mbolea ya dukani tunayotia shambani mara nyingi imevuka bahari. Kahawa yetu haimfikii mnywaji wa Ulaya pasipo meli. Shehena za Burundi na Kongo hupita katika bandari ya Kigoma, na si wachache kati ya vijana wetu walioteremka ziwani au pwani kutafuta kibarua. Kwa hiyo, haki ikipotea huko majini, hasara yake hupanda mpaka huku milimani.

Jambo tunalotaka mlitafakari ni hili. Tangu ugonjwa wa Uviko-19 ulipoenea duniani mwaka 2020, watu wengi wamezoea kufanya kazi wakiwa mbali na mahali pa kazi, kwa kutumia simu na kompyuta. Wengine hufanya kazi mseto, yaani siku kadhaa ofisini na siku kadhaa nyumbani. Mabadiliko hayo yameingia pia katika shughuli za meli. Sisi wanatume hatuyapingi. Tunachosema ni kwamba faida ya kazi ya mbali isigawiwe kwa watu wa ofisini peke yao, huku hatari ikiachwa kwa wale waliobaki melini na gatini. Aidha, kazi inayoweza kufanyika popote isiendelee kuwa mali ya jiji moja.

1. Kazi zimegawanyika mafungu mawili

Zamani mtu aliyetaka kutoa mzigo bandarini alilazimika kuzunguka na makaratasi mkononi, kutoka dirisha moja hadi jingine, akingoja muhuri huu na sahihi ile. Mwaka 2014 Mamlaka ya Mapato ilianza kutumia mfumo wa forodha wa TANCIS, na wakala wa forodha akaweza kutuma maelezo ya mzigo kwa kompyuta. Kazi iliyodai miguu ikawa kazi inayodai macho, vidole na mtandao.

Katika nchi nyingine mambo yamekwenda mbali zaidi. Huko Rotterdam, Uholanzi, ilifunguliwa mwaka 2015 gati ya makontena ambayo waendesha kreni wake hawapandi juu ya kreni. Hukaa ofisini mbele ya vioo vya kompyuta, wakainua na kushusha mizigo kutoka huko. Nchini Norway, kampuni ya mbolea ya Yara ilizindua mwaka 2021 meli ndogo ya umeme iitwayo Yara Birkeland, kwa nia kwamba hatimaye itembee yenyewe ikiangaliwa kutoka nchi kavu. Hata hivyo, ilipoanza safari za biashara mwaka 2022 ilikuwa bado na mabaharia ndani yake.

Hivyo basi, kazi za majini zimegawanyika mafungu mawili. Fungu la kwanza ni la makarani, mawakala, wahasibu, wapanga ratiba na wakaguzi wa kumbukumbu, ambao kazi yao inaweza kuhama. Fungu la pili ni la nahodha, fundi wa injini, mpishi wa melini, mfunga kamba, mchukuzi wa magunia na mlinzi wa gati. Hawa hawawezi kuhama. Injini ikizimika katikati ya ziwa usiku, haiwashwi kwa barua wala kwa ujumbe wa simu.

2. Historia yetu yatufundisha nini

Tusije tukadhani kwamba jambo la kuongoza kazi kutoka mbali limeanza na kompyuta. Meli ya Liemba, ambayo wazee wetu wengi wameipanda, iliundwa kwanza mwaka 1913 katika karakana ya Meyer mjini Papenburg, Ujerumani. Ikafunguliwa vipande vipande, ikatiwa katika masanduku yapatayo 5,000, ikasafirishwa hadi Dar es Salaam, kisha ikaletwa Kigoma kwa reli ambayo ilikuwa imefika huko mwaka 1914. Michoro yote ilikuwa tayari, na kila kipande kilikuwa kimekwisha kupimwa. Hata hivyo, haikutosha kutuma masanduku na maelekezo. Mafundi watatu wa Papenburg walilazimika kuja wenyewe, na vibarua wengi wakabeba, wakainua na kugongelea misumari chini ya jua la Kigoma, hadi meli ikashushwa majini Februari 1915. Akili ilitoka mbali, lakini jasho lilimwagika hapa. Na ni majina ya wale wenye michoro yaliyohifadhiwa. Ya wale vibarua hayajulikani.

Wazee wa Buha wanajua pia upande wa pili wa jambo hili. Wakati wa ukoloni wa Waingereza, sehemu zetu zilifanywa kuwa ghala la nguvukazi. Wanaume walichukuliwa kwenda mashamba ya mkonge ya Tanga na kwingineko, wakaitwa manamba, kwa maana kila mmoja alikuwa namba katika daftari. Mwenye kupanga ujira alikaa mbali na asiyajue mazingira ya anayefanya kazi, na anayefanya kazi alikaa mbali na mke, watoto na shamba lake. Umbali huo ulimfaa mmoja, ukamwumiza mwingine.

Kwa sababu hiyo, tunapoambiwa leo kwamba umbali si tatizo tena, hatuna budi kuuliza: si tatizo kwa nani?

3. Aliyepo ndiye abebaye

Tuchukue mfano ambao watu wa Kasulu na Kibondo hawajausahau. Mwezi Mei 2015 makumi ya maelfu ya wakimbizi kutoka Burundi walijazana Kagunga, kijiji cha wavuvi kilichobanwa kati ya mlima na ziwa. Njia ya kuwatoa ilikuwa maji. Kipindupindu kilikuwa kimeingia. Liemba ilikwenda na kurudi, ikibeba watu wapatao 600 kwa safari moja hadi Kigoma, na kutoka hapo mabasi yakawapandisha hadi kambi ya Nyarugusu. Ni kweli kwamba fedha na mipango ilitoka Geneva, Dar es Salaam na kwingineko, nasi tunashukuru. Lakini mtoto mgonjwa alipokelewa na baharia aliyesimama mlangoni mwa meli, si na mtu aliyekaa mbele ya kompyuta.

Mfano wa pili ni wa dunia nzima. Mwaka 2020, wakati maofisa wengi wa makampuni ya meli walipoambiwa wafanye kazi nyumbani kwa usalama wao, mabaharia wapatao 400,000 walikwama melini baada ya mikataba yao kwisha, kwa kuwa bandari na viwanja vya ndege vilifungwa. Baadhi yao walikaa baharini zaidi ya mwaka mmoja. Desemba mwaka huo Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa liliyahimiza mataifa yawatambue mabaharia kuwa wafanyakazi muhimu. Ugonjwa ule ule uliompa mmoja nafasi ya kukaa na watoto wake, ulimnyima mwingine nafasi ya kuwaona. Dawa na chakula viliendelea kusafiri kwa sababu yake huyu wa pili.

Mfano wa tatu ni mchungu zaidi. Tarehe 21 Mei 1996 meli ya MV Bukoba ilizama karibu na Mwanza, na mamia ya ndugu zetu wakafa. Tarehe 20 Septemba 2018 kivuko cha MV Nyerere kilipinduka kikiwa karibu na gati ya Ukara, katika Ziwa Victoria hilo hilo, na watu 228 wakapoteza maisha. Kivuko hicho kilikusudiwa kubeba watu wapatao mia moja. Katika misiba yote miwili chombo kilikuwa kimepakiwa kupita kiasi, na makaratasi ya abiria hayakulingana na watu waliokuwemo. Karatasi inaweza kutumwa mbali na ikasomwa vizuri sana, lakini haitajua idadi ya watu waliosimama sitahani isipokuwa mtu aliyesimama pale amewahesabu kwa macho yake. Wahenga walisema, fimbo ya mbali haiui nyoka.

Tunasema hivyo kwa sababu kipo kishawishi cha kuamini kwamba mtandao unaweza kuchukua nafasi ya mtu aliyepo. Kanuni za kimataifa za usalama wa meli humpa nahodha mamlaka ya mwisho katika mambo ya usalama, hata kama mwenye meli anataka vinginevyo. Zamani nahodha akishang'oa nanga alikuwa peke yake na uamuzi wake. Siku hizi simu inamfuata katikati ya maji: ofisi moja yataka afike mapema, nyingine yataka apunguze mafuta, ya tatu yataka apitie bandari ambayo haikupangwa. Manahodha wengi, chombo huenda mrama. Na chombo kikienda mrama, wale wa kwenye simu hawalowi.

4. Sheria inafika wapi

Upo Mkataba wa Kazi za Mabaharia wa mwaka 2006, uliopitishwa na Shirika la Kazi Duniani. Tanzania iliuridhia mwaka 2019. Mkataba huo unadai kwamba baharia apate angalau saa 10 za mapumziko katika kila saa 24, na angalau saa 77 katika siku saba. Marekebisho yaliyoanza kutumika Desemba 2024 yanataka mabaharia wapatiwe melini njia za kuwasiliana na jamaa zao, ikiwemo intaneti, kadiri inavyowezekana, na ikiwa wanatozwa malipo, yawe ya kiasi. Ni jambo la haki kabisa. Ikiwa mtandao unamwezesha mwenye meli kumfikia baharia saa yoyote, basi mtandao huo huo umwezeshe baharia kusikia sauti ya mtoto wake.

Lakini tuangalie vizuri. Mkataba huo ni wa meli za baharini. Meli zinazotembea katika maji ya ndani pekee hazimo. Maana yake ni kwamba baharia anayekwenda Kalemie, Bujumbura au Mpulungu katika Ziwa Tanganyika hana kinga ya mkataba huo kama aliyonayo mwenzake anayekwenda Mumbai. Ziwa letu lina kina kikubwa kuliko maziwa yote ya Afrika, upepo wake unajulikana, na safari zake huvuka mipaka ya nchi. Hatuoni kwa nini usingizi wa baharia wa ziwani uwe na thamani pungufu. Haki yake imebaki mikononi mwa sheria zetu wenyewe na dhamiri ya mwajiri wake. Katiba ya nchi, katika ibara za 22 na 23, inatamka haki ya kufanya kazi na haki ya kupata ujira unaolingana na kazi hiyo. Katiba haikusema kwamba haki hiyo ni ya nchi kavu tu.

5. Haki ya aliye mbali

Tusiwe wepesi wa kumlaumu anayefanya kazi nyumbani. Naye ana mzigo wake. Umeme anaoutumia ni wake, vocha ni yake, meza ni yake, na mara nyingi kazi haina saa ya kufungwa. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 imeweka saa 45 za kawaida kwa wiki. Je, nani anazihesabu pale ambapo ujumbe wa mkubwa huingia saa nne usiku? Mama anayefanya kazi ya ukarani nyumbani, huku akipika na kulea, aweza kuonekana amepumzika, kumbe amebeba kazi mbili kwa mshahara wa moja. Shirika la Kazi Duniani lilipitisha mwaka 1996 mkataba namba 177 kuhusu kazi za nyumbani, likitaka mfanyakazi wa nyumbani asitendewe chini ya mwenzake wa kiwandani au ofisini. Miaka hiyo walifikiriwa zaidi mafundi wa kushona na kusuka. Msingi wake wafaa hata leo.

Kuna pia hatari inayowanyemelea vijana wetu. Kazi za melini nazo sasa hutangazwa kwa simu. Kijana wa Buha aweza kupata ujumbe kwamba meli ya nje inatafuta mabaharia, atume fedha ya usajili. Hajaona ofisi, hajaona mtu, hajaona mkataba. Fahamuni kwamba ule mkataba wa mwaka 2006 unakataza baharia kutozwa ada ya kutafutiwa kazi. Gharama anazoweza kubeba mwenyewe ni za cheti cha afya, kitabu cha ubaharia, na pasipoti au hati nyingine ya kusafiria kama hiyo. Anayedai zaidi ya hapo anavunja masharti hayo, na kijana na asite kabla familia haijauza ng'ombe au shamba.

6. Kazi zipande mlimani

Wapo watakaotuambia: “Ninyi mko mbali mno, kazi za meli hazitawafikia.” Tunawajibu kwamba hoja hiyo ilikuwa na nguvu zamani. Ikiwa hati ya shehena inayopita Kigoma yaweza kujazwa na karani aliye nyumbani kwake Dar es Salaam, yaweza pia kujazwa na karani aliye Kasulu au Kibondo, ambako bandari yenyewe iko karibu zaidi. Mkoa wetu ulianza kuunganishwa na gridi ya taifa mwaka 2022. Vijana waliomaliza sekondari wapo, wavulana kwa wasichana. Kinachokosekana ni mafunzo ya kazi hizo, mtandao usiokatika, na nia ya waajiri kuvuka mazoea.

Wengine watasema kwamba mtu wa ofisini na mtu wa melini kila mmoja amechagua kazi yake, hivyo hakuna cha kulalamikia. La hasha. Mchukuzi wa magunia hakuchagua kwa uhuru kati ya gunia na kompyuta. Alichukua kilichokuwepo. Katika waraka wake wa mwaka 1981 juu ya kazi, Baba Mtakatifu Yohane Paulo II alifundisha kwamba thamani ya kazi hutokana kwanza na mtu anayeifanya. Kwa hiyo, gunia lisimshushe mtu wala kompyuta isimpandishe.

7. Tunaomba yafuatayo

Kwanza, waajiri wa ziwani wakubali kwa hiari yao, au sheria iwadai, saa za mapumziko zilizoandikwa, zilizo sawa na zile za baharini, pamoja na nafasi ya baharia kuwasiliana na jamaa zake. Pale ofisi inapopata nafuu ya kufanya kazi nyumbani, wale wasioweza kuondoka melini na gatini wapewe likizo au posho ya kulinganisha.

Pili, mtu wa nchi kavu asiwe na uwezo wa kumlazimisha nahodha kuondoka au kuongeza mzigo. Abiria wahesabiwe na mtu aliyepo gatini, na hesabu yake ndiyo iwe ya mwisho.

Tatu, anayefanya kazi nyumbani awe na mkataba wa maandishi unaotaja saa zake, umeme na vocha vinalipwa na nani, na wakati ambao halazimiki kujibu simu.

Nne, halmashauri zetu, vyama vya ushirika na vyuo vya ufundi vifikirie kuwafundisha vijana kazi za forodha, hati za shehena na hesabu za usafirishaji. Mkulima wa kahawa atafaidika pia, maana leo mnunuzi wa ng'ambo hulifuata kontena kwa kompyuta siku kwa siku, huku mwenye kahawa asijue nauli ya meli imekula kiasi gani cha bei yake.

Tano, kila parokia iwe na orodha ya familia zenye mtu ziwani au baharini. Tuwatembelee wake na wazazi wao, tuwasaidie kusoma mikataba, na tusingoje habari za msiba ndipo tukumbuke majina yao.

Haya hayahitaji mitambo mikubwa. Yanahitaji watu wanaokubali kwamba anayetuma amri na anayeipokea katikati ya mawimbi ni wafanyakazi wa chombo kimoja, na kwamba mmoja akipewa nafuu, mwingine asiongezewe mzigo.

Maswali ya kutafakari katika jumuiya ndogo ndogo

1. Katika jumuiya yetu, ni nani wanaofanya kazi ziwani, bandarini au baharini? Familia zao zinaishije wakati hawapo?

2. Je, tunajua kijana aliyeombwa fedha kwa simu ili apatiwe kazi ya melini? Tulimpa ushauri gani?

3. Ni kazi zipi za ofisini zinazoweza kufanyika hapa kwetu, na nini kinazuia? Tuandike majibu na kuyapeleka kwa diwani na kwa halmashauri ya walei ya parokia.